Mbolezi ya Gorofa ya Saba

...na macho nimeyafumba kwa sababu Mama Rabii kasema rangi ikiingia nitalia mpaka magharibi, shingo iko kwenye ukingo wa sinki, kichwa kimeangukia nyuma kama cha kuku anayengoja kisu, maji ya uvuguvugu yanapita masikioni, kwa hiyo nusu ya maneno ya saluni nayasikia na nusu yanakwenda na maji, Midhat mwenye saluni anamwambia bibi arusi asitikise kichwa, bibi arusi anamwambia dada yake weka ule wimbo, ule wa yule bibi, na mimi namwomba Mungu usiwe huo, Misri nzima hii ina nyimbo kama mchanga, usiwe huo... ndio huo, nimeujua kabla haujaanza, kwa ule mlio mdogo wa kitufe kilicholegea cha kinanda changu, na kunyanyuka siwezi, mikono ya Mama Rabii imo kwenye nywele zangu na rangi nyekundu inachuruzika, nikinyanyuka nitaulizwa kulikoni, na hapa Imbaba nimekuja makusudi kwa sababu hakuna anayenijua, kwetu Shubra kila saluni ina mtu wa kuniambia hongera Mayar, umetutoa kimasomaso, hebu tuimbie kidogo... dakika tatu, nina dakika tatu kabla hajaingia, kwanza kinanda, halafu ngoma ya mashine, halafu sauti yangu, halafu yeye, shangazi Wadida, dada mkubwa wa baba, na kila siku akikaribia kuingia mimi huwa nimeshazima, miezi minane tangu albamu itoke na sijamsikia hata mara moja, nazima, natoka nje, najikohoza, siku ile kwenye teksi nilimwambia dereva azime akanitazama kwenye kioo, kwani wimbo umekukosea nini, binti, mke wangu hapiki bila huu, nikashuka kabla ya kufika nilikokuwa nakwenda, nikatembea juani na viatu vya kisigino kama mwendawazimu.

Nani angejua, nani, nyimbo tisa tulizorekodi katika fleti ya Luai, mrekodi wangu, kule Mohandisin, mablanketi yamepigiliwa misumari ukutani, friji limezimwa lisingurume mpaka maziwa yakaganda, tulitegemea kusikilizwa na wale watu wetu mia mbili wa siku zote, wenye ndevu na mifuko ya kitambaa, basi, kumbe albamu hiyo, Gorofa ya Saba, itakwenda mpaka Beirut, mpaka Amman, kijana mmoja wa Aleksandria aliniandikia kwamba kamchumbia mtu kwa wimbo huo, mwandishi wa gazeti akasema ndiyo albamu ya mwaka, kizazi kinachojililia chenyewe, mwingine akasema gorofa ya saba ni ishara ya mbingu ya saba, akaandika kurasa mbili... gorofa ya saba ni kwetu, bwana, gorofa ya saba ni ngazi mia na ishirini na sita na lifti iliyokufa kabla sijazaliwa, na baba alikuwa fundi wa lifti, hilo ndilo lililowachekesha majirani miaka yote, atengeneze lifti za Kairo nzima na jioni apande kwake kwa miguu, wakimkuta kapumzika gorofa ya nne wanamwuliza, fundi, lifti inasemaje, naye anawajibu mganga hajigangi, anacheka, anaendelea kupanda... na mmoja, mwenye ulimi mkali, aliandika mstari mmoja tu, Mayar amegundua kwamba ana shangazi, huyo ndiye niliyemwamini peke yake. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji, mimi nililitia kabla ya kusifiwa, na nilichotia si maji. Na leo jioni ukumbi umejaa, watu mia tisa, na wote wanakuja kwa wimbo mmoja, huu unaotoka kwenye simu ya dada wa bibi arusi, na Luai ananiuliza tangu Jumatatu, unauimba au huuimbi, na mimi simjibu, kwa sababu sauti inanikatika, kila nikifanya mazoezi nikikaribia pale anapoingia yeye koo linafunga, kavu, kama mtu ameliwekea kiganja, na najua ni kwa nini, najua... "Bibi arusi anaolewa leo halafu anasikiliza vilio," anasema Midhat, "bwana arusi ajiandae." Wanacheka, maji yanakula mwisho wa kicheko.

Hakuja Kairo kwa ajili ya muziki, maskini, alikuja kutolewa mtoto wa jicho, jicho moja bandeji na jingine linaona kila kitu, na kwao, kijijini kando ya Girga, kule kusini, yeye ndiye anayeitwa kwenye kila msiba, mbolezi zote ziko kichwani mwake na kila maiti na yake, ya mwanamume mwenye nyumba ina maneno yake, ya mama ina yake, ya aliyekufia ugenini, ya aliyezama mtoni, ya msichana ambaye hajaolewa, huzichanganyi, humvalishi mtu sanda ya mwenziwe, na mimi nikampeleka studio kwa soda na biskuti nikamwambia shangazi, tuombolezee kidogo, akanitazama kwa lile jicho zima akauliza nani kafa. Hakuna aliyekufa. Basi haiwezekani, akasema, mbolezi haitupwi hewani, ukiitupa itazunguka mpaka ipate mtu. Luai akacheka kwa adabu. Nami sikutaka siku ipotee, nikasema, basi mlilie baba, hivyohivyo, kama mtu anayesema kama hakuna kahawa basi nipe chai, na shangazi akaweka soda chini, kwa sababu baba hakuwahi kuombolezewa, miaka kumi na moja tangu afariki, mama yangu ni mtu wa Kairo na alisema vilio vya kusini ni haramu na ni aibu kwa majirani, akaita msomaji wa Kurani, wanawake wakakaa kimya na kahawa isiyo sukari, na shangazi aliyepanda treni masaa manane na mbolezi ya kaka yake kifuani akaambiwa mlangoni hapa hatulii kwa sauti, wifi, akaketi, akameza, akarudi nayo Girga kama alivyokuja nayo. Hayo nilikuwa nayajua. Niliyajua na bado nikasema basi mlilie baba. Akavua viatu, akavua na hedifoni tulizomvisha, akafunga shela kiunoni, na akaanza, na mimi niko nyuma ya kioo natazama mshale wa kipimo cha sauti, unagonga nyekundu, unarudi, unagonga tena, Luai anahangaika na vitufe, na neno sikusikia hata moja, naapa, niliona nyekundu tu, na alipomaliza alikuwa ameegemea blanketi la ukutani, mdomo wazi, shela imemwanguka. Amezidisha, Luai akasema, sauti imepasuka, arudie taratibu. Luai hakujua kitu, mtoto wa Heliopolis, mtaa wa matajiri, atajuaje, lakini mimi, mimi mwenye damu ile, nikabonyeza kile kitufe cha kusemea naye nikasema, "Vizuri sana, shangazi. Mara moja tena, lakini polepole." Akauliza, hakuuliza kwa hasira, aliuliza kama fundi anayeuliza kipimo, "Mara ya pili nimlilie nani?" Na mimi nikatazama saa. "Yeyote, shangazi," nikasema. "Nililie hata mimi."

Akanililia, Mungu wangu, polepole, kama nilivyoagiza, akavuta pumzi akachagua ile ya msichana ambaye hajaolewa, na hiyo niliisikia yote, hina imekauka kwenye bakuli, kitana kiko kwenye karatasi yake, Mayar binti wa kaka yangu nani amekupaka udongo badala ya hina, mara tatu aliniita, kila mara kwa jina, na mshale haukugusa nyekundu hata mara moja, safi kabisa, Luai akanionyesha dole gumba, nami nikacheka, nilicheka, lakini miguu ilikuwa baridi, na shangazi alipotoka alivaa viatu akaniomba nimwitie teksi na soda hakuinywa. Wiki tatu baadaye nikapiga simu kijijini, akapokea Hammam, mjukuu wake, nikasikia anamwita, nikasikia na yeye anajibu kitu kwa mbali, halafu Hammam akarudi akaniambia hawezi kuja kwenye simu. Anaumwa? Haumwi. Sasa? Kijana wa watu akajikohoza. "Anasema nikwambie ameshakulilia." Basi. Hakuna tusi, hakuna laana, ameshakulilia, kama mtu anayekwambia duka limeshafungwa, na nimepiga mara ngapi tangu siku hiyo, na Idi nimepiga, anasalimia wote, mimi hapana, kwa sababu aliyeliliwa ameliliwa, huwezi kumpigia mtu simu kutoka kule... Nikamwambia Luai amalizie peke yake, albamu yote, sikutia mguu tena kwenye fleti ile, mara moja alinipigia akaanza, sikiliza Mayar, pale kwa shangazi yako nimebadilisha kitu, nikamkatia, akiandika juu ya wimbo huo nafuta bila kusoma, na mtu asinicheke, mimi ni msomi, nimesoma miaka minne chuo kikuu, lakini nikiwa peke yangu naweka vidole kwenye mshipa wa shingo kuhakikisha, paka wa ngazini aliyekuwa anakuja miguuni sasa ananipisha, na kila anayenishika mkono na kuniambia wimbo wako umenigusa nasikia ananipa rambirambi, asante, asante sana, nafanya kama wafiwa, Misri nzima inacheza matanga yangu na mimi nazunguka katikati nimevaa nguo nzuri, nikijiuliza ni lini watu watatambua... na leo nimekuja kutia nyekundu kichwani ili jioni nionekane mzima.

Sauti yangu inakwisha sasa, mstari wa mwisho, ule ambao watu hufumba macho wakiusikia, kinanda kinabaki, kinanda kinapungua, Mama Rabii zima maji nisikie au fungua zaidi nisisikie, sijui lipi, sasa, sasa atasema hina... haiingii kama ninavyokumbuka. Haiingii polepole. Inaingia imepasuka, sauti nzito ya mtu anayevuta kitu kutoka kisimani, na haisemi hina, inasema nani ataifungua baraza, wageni wamefika na mwenye ufunguo hayupo, wafungueni punda warudi walikotoka, mwenye ufunguo hayupo... hina iko wapi, kitana kiko wapi, jina langu, nangoja jina langu na haliji, na vidole vya Mama Rabii vimepunguza mwendo. Huyu ni wa kwetu, anasema, huyu ni wa kusini, wa Sohag. Dada wa bibi arusi anamwambia ni wimbo wa mapenzi, Mama Rabii, watu wanachezea harusini. "Mapenzi gani," anasema Mama Rabii. "Huyu anamlilia kaka yake." Wanamwuliza amejuaje, na yeye, huku anasugua nyuma ya sikio langu, anasema kama anayewafundisha kupika mulukhia, "Mke akilia husema kitanda. Mama husema ziwa alilonyonyesha. Dada ndiye anayesema ufunguo wa baraza, kwa sababu baraza ni ya baba yao."

Ya kwanza. Ni ile ya kwanza, Luai kaweka ile ya kwanza, iliyogonga nyekundu, hicho ndicho alichobadilisha, hicho ndicho alichotaka kuniambia nikamkatia, masikio yake yule mtoto wa Heliopolis yalisikia kile ambacho damu yangu haikusikia... kumbe si mimi. Si mimi, nasema kweli yangu, kitu cha kwanza kinachonipanda ni furaha, furaha ya aibu, ya mtu aliyesomewa jina la mgonjwa mwingine, si mimi, hawanichezei mimi, na furaha hiyo haifiki hata kwenye meno, kwa sababu basi ni nani, ni nani niliyekuwa namzima miezi minane, nani niliyemkimbia kwenye teksi, nani niliyemfunika kwa kikohozi. Kifo cha wengi harusi, ndivyo wasemavyo, na kweli wamekipikia, wamechumbiana kwacho, wamekiandikia kurasa mbili, kila mtu amefika msibani kwa baba, dereva teksi na mkewe wamefika, mimi ndiye niliyebaki nje, kama mara ya kwanza, kwa sababu siku ya kwanza nilikuwa Tunis, wamenipigia asubuhi wakaniambia, hawakunificha, baba kafariki alfajiri, tunazika adhuhuri, na jioni nilikuwa na onyesho langu la kwanza nje ya nchi na nikasema moyoni hata nikiondoka sasa sitamkuta juu ya ardhi, nikapanda jukwaani, nikaimba nyimbo saba, wakaomba mmoja zaidi, nikawapa, na Ijumaa nilipofika mtaani kwetu watu wa turubai la msiba walikuwa wanakunja vitambaa na kupanga vile viti vya rangi ya dhahabu juu ya lori, mmoja akaniambia wameshaondoka, bibi, nami nikapita ngazi za nyuma mtu asinikute akanipa pole, kwa sababu nikipewa pole itabidi nijibu, na nikijibu nitakuwa nimefiwa, sikuwahi kuijibu, miaka kumi na moja, mtu akianza nageuza mazungumzo... na shangazi bado anasema, sasa anasema maneno ambayo hayamo katika mbolezi ya mtu mwingine yeyote, aliyatunga palepale, miguu mitupu, mbele ya kioo, na mimi natazama mshale, anasema kaka yangu ulipandisha kinanda cha binti yako mgongoni, ngazi kwa ngazi, gorofa saba, ukakataa kusaidiwa, na siku ya kukushusha wewe wamekushusha watu baki, gorofa saba, ngazi kwa ngazi, yuko wapi mwenye kinanda... Nilikuwa palepale, shangazi. Hatua tatu. Kioo tu. Alikuwa ananiuliza mimi, usoni, na nikamjibu vizuri sana, mara moja tena lakini polepole.

Na ile ya pili ipo, haijafutwa, Luai hafuti kitu, ipo kwenye droo ya fleti ile na jina langu juu yake, hakuna aliyeisikiliza, inangoja, na ngoja ingoje, itanipata siku yake, sasa hivi nimechelewa kwingine... Maji ni ya moto? Mama Rabii ananiuliza hivyo, anaona mabega, nasema hapana, anasema basi rangi imeingia, fumba vizuri, na ananifuta macho kwa ncha ya taulo, halafu, kwa sababu kwao huwezi kusikia msiba ukapita kimya, hata uwe msiba wa nani, hata utoke kwenye simu ya mtoto, anageuza uso kule kwenye simu na kusema, "Yaliyobaki ya umri wake Mungu ayatie kwenye umri wenu, wenye msiba." Wasichana wanacheka, Mama Rabii, simu unaipa pole, na yeye hajali, pole haipotei, anasema, mwenyewe ataisikia. Na imekaa pale hewani, juu ya sinki, haijajibiwa, naisikia inazunguka, koo langu limefunga na sasa nalisukuma, kavu, linauma, linafunguka. "Na umri wako, mama," nasema. "Ni baba yangu." Mikono imesimama kichwani mwangu. Maji yanapita. Dada wa bibi arusi anauliza kwa sauti ndogo kama azime, na mimi macho nimeyafumba, shingo kwenye ukingo wa sinki, namwambia hapana, iache, bado anamlilia.